Goti la Kushoto

Mimi ndiye niliyembandua plasta.
Watu wameandika habari za mchongaji,
mikono yake, jicho lake, usiku wake bila usingizi.
Hakuna aliyeandika habari za beseni la maji vuguvugu,
mafuta ya zeituni, na kisu butu cha siagi
nilichopitisha taratibu chini ya kwapa,
vinyweleo vikitoka na chokaa,
naye akitukana kwa lafudhi ya Elbeuf,
lafudhi aliyowaficha mabwana
kama mtu afichavyo soksi iliyotoboka.

Kadi zake zilisema: Bibi de Saint-Avre.
Mama yake alimwita Léocadie,
akamtwisha makaa ya wenye nyumba,
ghorofa tano, kabla mji haujapiga miayo.
Huko ndiko alikoanguka, yeye na ndoo, akiwa na miaka tisa,
na ngazi ikamwachia goti la kushoto
kovu lililopinda kama ndoana.

Mabwana walilibusu. Najua, maana alinihadithia
akiwa kitandani, akila mkate wa jana:
Delaunoy wa benki alitaka kulinunulia kito chake peke yake;
kapteni mmoja alililia machozi;
kijana mwenye pumu alilitungia beti kumi na nne
kisha akakopa nauli ya kurudi kwao.
“Mwenye njaa hana miiko,” alisema,
“na mwenye shibe hana haya.
Mimi nimekula meza zote mbili.”

Brocard peke yake,
aliyelipwa amtazame majira mawili ya baridi,
hakuliona.
Au aliliona, akalipiga msasa.

Siku ya maonyesho tulikwenda kwa miguu,
shela nzito usoni, viatu vyangu miguuni mwake.
Umati ulijaa kama siku ya kunyonga mtu.
Mama mmoja aliwaziba binti zake macho kwa kipepeo,
yake akayaacha wazi.
Mwanafunzi wa udaktari akasema:
mwili kama huu haujazaliwa bado.
Nilihisi kucha zake zikizama mkononi mwangu.
Hakusema neno hadi tulipofika darajani,
ndipo akaegemea ukingo, akatazama mashua za mchanga:
“Amenifanya mtu
ambaye hajawahi kubeba kitu.”

Baada ya hapo, sijui nieleze nini.
Magazeti yalikuwa na majina kumi ya kumwita
bila kutamka lile moja tulilolisikia kwa muuza samaki.
Wachoraji walikuja, wakanywa, wakamchora akiwa malkia,
akiwa mtakatifu, akiwa mto.
Wengine walilipa kwa picha. Picha hazinunui kuni.
Delaunoy akaoa mpwa wa waziri.
Kifua kikaanza kumsumbua wakati wa mavuno,
na kengele ya mlangoni ikajifunza kunyamaza.

Alikufa Machi, siku ya kufua.

Mnada ulikula siku tatu.
Kitanda chenye mabata maji kilikwenda kwa mwenye bucha.
Kioo kilihitaji wapagazi sita, na kilipotoka
kiliondoka na mti mzima wa uani ndani yake.
Barua nilizichoma jikoni kama alivyoniagiza;
zilipasha supu ya siku mbili, zikabaki chache.
Mimi nilinunua beseni. Faranga tatu.
Hakuna aliyeongeza bei.

Jumapili kuingia jumbani ni bure.
Kibao kinasema: *Alfajiri. Marumaru. Zawadi ya A. Delaunoy.*
Wageni hupunguza sauti, kama kanisani.
Mimi hutazama mahali pamoja tu,
pale palipo laini kupita haki yake.

Wiki iliyopita ukumbi ulibaki mtupu kidogo.
Nililowesha kidole kwa mate
nikaichora ile ndoana, mahali pake, upande wake,
ikang'aa.
Ilianza kukauka kuanzia nchani.
Mlinzi akakohoa.
Nikamwambia palikuwa na vumbi.